UZI: Samaki wageni, karantini na joto letu la Mombasa. Wiki moja yatosha?

NahodhaTudor

Salaam alaikum, na hamjambo nyote.

Kuna swali linarudi humu kila mara. Mtu ananunua samaki wapya, anawatia kwenye tangi lake, siku chache baadaye wale wa zamani waliokuwa wazima wanaanza kujisugua kwenye mawe, wanapumua juu juu, wanakufa mmoja baada ya mwingine. Kisha anauliza maji yana nini. Aghalabu maji hayana kitu. Ugonjwa uliingia na mfuko.

Nataka tuizungumze karantini, yaani kuwatenga wageni kwenye chombo chao kabla ya kuwachanganya na wenyeji, kwa hali ya hapa kwetu, kwa sababu mengi tunayosoma yameandikwa na watu wa nchi za baridi. Kwao hita, kile kifaa cha kupasha maji joto, ndiyo roho ya tangi. Sisi Februari na Machi, kaskazi ikimalizia, maji ndani ya nyumba yanafika nyuzi 29 au 30 bila kuwasha chochote, na kazi inakuwa ni kuyapoza. Joto hilo linabadilisha mambo mawili: ugonjwa unakwenda mbio, na amonia, ile sumu itokanayo na uchafu wa samaki, inakuwa kali zaidi.

Nianze na chombo, maana hapo ndipo wengi hukata tamaa. Si lazima liwe tangi la pili la kioo lenye taa na mapambo. Kontena la plastiki la lita 40 lenye mfuniko, yale watu huwekea nguo, latosha kwa samaki wadogo kama gapi, moli, tetra au beta. Oska mkubwa au goldifishi wa haja atataka pipa. Ndani yake tia sponji inayoendeshwa na pampu ya hewa, vipande viwili vitatu vya paipu ya maji vya kujifichia, na kipimajoto. Mchanga na changarawe acha. Kwanza, sakafu tupu inakuonyesha kinyesi cha samaki, na kinyesi kina habari nyingi kuliko rangi ya samaki mwenyewe. Pili, changarawe nyingi za hapa ni matumbawe yaliyosagika, yaani chokaa, na chokaa hunasa dawa za shaba zikaisha nguvu kabla hazijafanya kazi.

Sponji nayo ina mambo yake. Usiinunue siku ile ile unayoleta samaki ukatarajia isafishe maji. Bakteria wanaogeuza amonia kuwa nitriti, ambayo nayo ni sumu, na wale wanaogeuza nitriti kuwa nitreti, huchukua wiki kadhaa kujijenga. Weka sponji ya ziada ndani ya tangi kubwa wakati wote, ijifiche nyuma ya filta, ikae tu. Siku wageni wakija unaihamisha ikiwa hai tayari. Lakini ikishatumika kwa wagonjwa hairudi tena tangi kubwa. Ichemshe, ikauke juani, ianze upya.

Wavu, mpira wa kunyonyea maji, ndoo, vyote viwe vya karantini peke yake. Wavu mmoja wenye maji ukiutumia huku na kule, kazi yote imeharibika.

Muda: wiki 4. Najua mtabisha. Karibuni.

KijanaWaMikindani

Ami Nahodha, kwa heshima, wiki 4 ni za hao hao watu wa baridi uliotuambia tusiwafuate. Mimi nimesoma kwamba kidudu cha madoa meupe humaliza mzunguko wake chini ya siku 4 maji yakizidi nyuzi 24, ilhali kwenye maji ya chini ya nyuzi 7 huvuta zaidi ya wiki 5. Kwa hivyo wao wana haki ya kungoja. Sisi maji ni nyuzi 28, ndani ya wiki moja kidudu kingekuwa kimeshazunguka karibu mara mbili. Kama kipo kitaonekana, na kama hakijaonekana hakipo.

Halafu nafasi nayo. Mimi nimepanga chumba kimoja. Kontena la lita 40 likikaa mwezi mzima katikati ya nyumba, mke wangu atanitia mimi karantini.

NahodhaTudor

Hahaha, msikize mkeo.

Hesabu yako ya madoa meupe ni sahihi na nakupa haki. Niieleze kidogo kwa wengine. Kidudu hicho, Ichthyophthirius multifiliis, hukaa chini ya ngozi ya samaki akila, ndicho kile kidoa kama punje ya chumvi. Akiwa humo ndani dawa haimfikii. Akishiba hudondoka, hujishikiza chini au kwenye mmea, hujifunika ganda, kisha hugawanyika ndani yake kuwa mamia ya vitoto, pengine hata elfu moja. Vitoto vikitoka huogelea kutafuta samaki, na visipompata ndani ya siku mbili hivi, hufa. Kipindi hicho cha kuogelea ndicho peke yake dawa inapoua. Ndiyo maana mtu anatia dawa mara moja, madoa yanapotea, anashangilia, siku ya tano yamerudi maradufu. Hayakurudi, yalikuwa chini yakigawanyika.

Kwa hiyo kweli, joto letu linakifichua kidudu hiki upesi. Lakini umechukua ugonjwa mmoja ukaufanya kanuni ya yote. Mara nyingine madoa yako kwenye mashavu tu, ngozi safi kabisa, dalili pekee ni pumzi za haraka. Samaki aliyewahi kuugua akapona hujenga kinga, anaweza kubeba vidudu vichache bila kuonyesha chochote, na ukimtia kwa wenzake wasio na kinga ndio balaa linaanza. Minyoo ya tumbo haijali ratiba ya madoa. Inaweza kukaa ndani ya gapi wiki kadhaa, samaki anakula vizuri, ananenepa, kisha siku moja unaiona. Na magonjwa ya bakteria ya polepole, yale ya samaki kukonda mgongo huku akila, hata wiki 4 hazitoshi kuyakamata yote.

Wiki moja kwa maji ya nyuzi 28 inakujibu swali la madoa meupe. Mengine yote bado hujauliza.

BintiKibokoni

Shukran Nahodha. Mimi niko Mji wa Kale na tatizo langu ni maji yenyewe. Kisima cha nyumba kina chumvi, ukikoga unaisikia. Mferejini, yaani bombani, yanakuja kwa zamu. Siku nyingine nanunua mitungi ya mkokoteni, na sijui yametoka wapi. Sasa nikiambiwa nibadilishe maji ya karantini kila siku, nitabadilisha kwa yapi?

Na hili la amonia kuwa kali kwa joto sijalielewa.

NahodhaTudor

Dadangu, swali zuri, na ndilo linaloua samaki wengi wa karantini kuliko ugonjwa wenyewe.

Amonia ndani ya maji iko kwa sura mbili. Moja ina madhara madogo, nyingine ni sumu, na zinabadilishana kutegemea joto na pH, yaani kipimo cha uasidi wa maji (ikishuka maji yana asidi zaidi). Maji ya pH 7 yenye nyuzi 28, sehemu iliyo sumu ni chini ya asilimia 1 ya amonia yote. Maji hayo hayo yakiwa pH 8, sumu inapanda kufikia asilimia 6 na kitu. Kiasi kile kile cha uchafu, ukali mara tisa hivi. Maji mengi ya visima vya pwani yamepita kwenye mawe ya matumbawe, ni magumu na pH yake iko juu. Kwa hiyo anayesoma kwamba "amonia kidogo si neno" asome na pH ya aliyeandika.

Maana yake kwako: sponji iliyokomaa ni lazima, chakula kiwe kidogo mno (siku ya kwanza usiwape kabisa), na kipimo cha amonia kiwe nyumbani. Ikionekana tu, badilisha robo au theluthi ya maji. Sponji ikiwa nzima na samaki wachache, hutahitaji kila siku, mara mbili tatu kwa wiki yatosha.

Ya mferejini yana klorini. Yateke yakija, yaweke kwenye ndoo wazi na jiwe la hewa likipuliza siku nzima, itaondoka. Ukiwa na haraka, sodiamu thiosalfeti huiua papo hapo. Ya mkokoteni yapime kwanza chumvi, hata kwa ulimi kama umeyachemsha. Kisima cha chumvi kidogo, moli watakushukuru na gapi hawatalalamika. Tetra usiwajaribu.

La muhimu ni karantini na tangi kubwa zitumie maji ya chanzo kimoja. Hakuna maana samaki azoee maji ya mtungi wiki 4 kisha umwangushe kwenye ya kisima.

MpigaKasia

Mimi naagiza kutoka Nairobi, wanakuja kwa basi la usiku. Nikiwapokea asubuhi nauacha mfuko uelee juu ya maji, kisha nafungua na kutia maji yangu kwa tone tone saa moja na nusu, kama video zinavyofundisha. Na bado wengine wanageuka tumbo juu mbele yangu. Kosa liko wapi?

NahodhaTudor

Hayo matone ndiyo. Kwa samaki wa duka la mtaa wa pili, waliokaa mfukoni dakika 20, tone tone haina neno. Kwa waliosafiri usiku kucha hesabu inageuka. Ndani ya mfuko samaki wanapumua, kaboni dayoksaidi inajaa, pH inashuka. Wakati huo huo wananyea, amonia inapanda, lakini kwa kuwa pH iko chini, iko katika ile sura isiyo kali. Ukifungua mfuko, gesi inatoka, pH inapanda, na amonia yote iliyolala inaamka. Wewe umeketi unahesabu matone, wao wanaungua mashavu humo humo.

Waliosafiri mbali: acha mfuko uelee ukiwa umefungwa dakika 15 hadi 20 joto lilingane, fungua, wachote kwa wavu, watie kwenye maji ya karantini. Maji ya mfuko yasiingie popote, yamwage chooni. Na anayekutumia samaki muulize kiasi cha chumvi na pH ya maji yake, uandae ya karantini yakaribiane.

Ukiagiza Juni hadi Agosti, jua kwamba Nairobi usiku kuna baridi hasa. Samaki wa joto akipoa namna hiyo kinga yake huanguka, na madoa meupe hupenda samaki wa hali hiyo. Kama unaweza kungoja Septemba, ngoja.

KijanaWaMikindani

Bado sijashindwa, nimehama uwanja tu.

Kwa nini tusitie dawa zote siku ya kwanza tumalize? Mimi hutia methilini bluu mpaka maji yawe kama wino, na kapsuli ya antibayotiki, tetrasaiklini, hata kama hawana dalili. Kinga ni bora kuliko tiba.

DaktariWaMbuzi

Nimekuwa nikisoma kimya, lakini hapo kwenye tetrasaiklini imebidi nitoke. Nauza kwenye agroveti, duka la dawa za mifugo, na kila wiki mtu ananijia akitaka ile ya kuku aitie kwenye samaki.

Yakhe, tetrasaiklini hushikana na kalsiamu na magnesiamu. Ndiyo maana hata binadamu huambiwa asiimeze na maziwa. Maji yetu magumu yamejaa hizo hizo. Ukiimwaga, sehemu kubwa inanasika kwenye maji kabla samaki hajaiona. Unachopata ni maji ya rangi ya chai, sponji iliyodhoofika, na bakteria wachache wanaojifunza kuizoea dawa. Antibayotiki kwa samaki asiyeumwa usimpe.

Methilini bluu si mbaya yenyewe, ina kazi yake kwa mayai na kwa samaki aliyeumizwa na nitriti. Lakini nayo inawaua wale bakteria wa sponji aliowasema Nahodha. Ukitia siku ya kwanza, siku ya tatu unapambana na amonia ndani ya maji ya wino usiyoona kilichomo.

NahodhaTudor

Namuunga mkono daktari. Dawa ya siku ya kwanza ni kutazama. Asubuhi kabla hujawasha taa, na jioni wakati wa kula. Nani haji kula, nani amekunja mapezi, nani yuko peke yake pembeni, nani anapumua kwa shavu moja. Kinyesi cheupe kinachoning'inia kama uzi kiandike mahali.

Nipitie ya kutazama kwa uchache. Madoa meupe tumeyasema. Vumbi la rangi ya dhahabu juu ya ngozi, huonekana ukimmulika samaki kwa tochi ubavuni, ni mdudu mwingine, naye hutegemea mwanga kiasi, kwa hivyo funika kontena liwe giza ukiwa unamtibu. Pamba nyeupe mdomoni, au alama kama tandiko mgongoni, wengi huita ukungu. Mara nyingi ni bakteria wa kolumnarisi, na huyo ndiye ninayemhofia zaidi kwa Machi yetu, kwa sababu joto humchochea. Akija mkali huua ndani ya siku moja au mbili.

Hapo ndipo ushauri wa "pandisha joto" unakuwa hatari. Ni kweli madoa meupe huacha kuzaana maji yakikaa nyuzi 30 na zaidi, ingawa zipo aina zinazovumilia. Lakini mtu akikosea pamba akadhani ni madoa, akapandisha joto, amemwita aliyekuwa akimkimbia. Na maji ya moto hubeba oksijeni kidogo: nyuzi 25 maji safi hubeba miligramu 8 hivi kwa lita, nyuzi 30 ni saba na nusu. Samaki mwenye mashavu mabovu anaihisi hiyo nusu.

Kwa madoa meupe mimi hutumia chumvi ya kawaida, gramu 2 hadi 3 kwa lita, naipandisha kidogo kidogo kwa siku mbili, na kila siku nanyonya sakafu yote ya kontena kuondoa yale maganda kabla hayajapasuka. Gapi na moli huivumilia bila shida. Kambare wadogo, loachi na tetra nendeni nusu ya hapo na mwatazame. Hili ndilo jambo jingine sakafu tupu inalokupa, huwezi kunyonya maganda kwenye changarawe.

MamaGapi

Nahodha, na mimi nina langu la sasa hivi. Gapi wa kike, mzito, anakula vizuri. Leo nimeona nyuzi nyekundu ndogo mbili tatu zinatoka kwenye tundu la haja, akitulia zinatokeza, akiogelea zinarudi ndani. Nimekaa naye kwenye ndoo ya karantini wiki ya tatu sasa. Ningekuwa nimemtoa kwa ile hesabu ya kijana wa Mikindani.

NahodhaTudor

Ni minyoo, Camallanus. Ubaya wake kwenye tangi ni kwamba haihitaji kupitia kwa vidudu vingine vya majini, inaweza kwenda samaki kwa samaki moja kwa moja. Asante Mungu yuko ndooni. Daktari, lete levamisoli.

DaktariWaMbuzi

Pole mama, inatibika ukianza mapema.

Dawa ni levamisoli, ile ile ya minyoo ya mbuzi na kondoo. Lakini soma lebo kwa makini. Nyingi zinazouzwa zimechanganywa na oksiklozanidi kwa ajili ya minyoo ya ini. Hiyo usiitie kwenye samaki. Tafuta iliyoandikwa levamisoli peke yake.

Kiasi kinachotumiwa na wafugaji ni miligramu 2 kwa kila lita ya maji, saa 24. Chupa ikiandikwa asilimia 2.5, ina miligramu 25 kwa kila mililita. Ndoo yako kama ina maji lita 20, unahitaji miligramu 40, yaani mililita 1.6. Chukua sirinji ndogo, usipime kwa kifuniko. Changanya kwanza kwenye kikombe cha maji, kisha mimina polepole. Funika ndoo, mwanga huivunja dawa hiyo.

Jambo watu husahau: levamisoli haiui minyoo, huipooza tu ikashindwa kujishika. Itatoka, itaanguka chini ikiwa hai. Usiponyonya sakafu baada ya hizo saa 24 na kubadilisha maji mengi, samaki ataila tena. Rudia baada ya wiki tatu hivi, kwa sababu vile vichanga vidogo haviguswi vizuri mara ya kwanza. Ukimwona anazaa katikati ya matibabu, watoto nao wahesabu wameambukizwa.

Na vaa glavu. Kwa jumla, hata bila dawa, mwenye jeraha mkononi asitie mkono kwenye tangi la samaki. Kuna bakteria, Mycobacterium marinum, huingia kwenye mchubuko na kuacha kidonda kisichopona wiki na wiki. Ukienda hospitali na kidonda cha namna hiyo mwambie daktari unafuga samaki, asipojua atakutibu kitu kingine. Na wale mnaonyonya mpira kwa mdomo kuanzisha maji, acheni.

MamaGapi

Glavu ninazo, sirinji ninayo, kesho asubuhi niko agroveti. Allah akulipe kheri.

Kwa hivyo hesabu ya wiki 4 inaanza upya?

NahodhaTudor

Inaanza upya baada ya dozi ya pili, na ukiona salama. Vile vile ukitia samaki mwingine ndani ya ndoo hiyo hiyo katikati ya safari, wote wanarudi siku ya kwanza. Wanaoingia pamoja watoke pamoja.

Mlikoni

Swali la sisi wa ng'ambo ya feri. Stima ikikatika usiku kucha, na karantini inategemea pampu ya hewa?

NahodhaTudor

Pampu ya betri ile ndogo, weka moja droo. Kama huna, chota maji kwa kikombe uyamwage kutoka juu kila baada ya muda, na usilishe mpaka stima irudi. Samaki wachache kwenye lita 40 zenye uso mpana watavumilia. Kinachoanza kufa ni wale bakteria wa sponji wakikosa oksijeni saa nyingi, kwa hiyo stima ikirudi ikamulie sponji kwenye maji ya ndoo ya samaki, si ya mferejini, na upime amonia siku mbili zinazofuata.

KijanaWaMikindani

Basi tukubaliane nusu. Samaki wa jirani ninayemjua, anayezalisha mwenyewe na hajaingiza mgeni miezi mingi, nitampa wiki 2. Wa basi na wa duka la matangi yaliyounganishwa maji, wiki 4. Kontena litakaa chini ya kitanda.

NahodhaTudor

Wa jirani unayemjua sikatazi. Chini ya kitanda ndiyo nakataza, hutawaona. Na hilo la matangi yaliyounganishwa umeliweka pahali pake. Duka likiwa na maji yanayozunguka kwenye vioo vyote, samaki mgonjwa katika kioo cha kwanza ni mgonjwa wa duka zima, hata kama kioo unachonunulia kinang'aa. Kabla hujatoa pesa tazama vioo vya jirani kwanza.

BintiKibokoni

La mwisho, jamani. Mimea na konokono nao? Mjomba wangu yuko Kwale, anasema kwenye mtaro karibu na shamba kuna mimea mizuri ya maji na vikonokono, ataniletea gunia.

DaktariWaMbuzi

Mwambie mjomba asiingie mtaroni bila viatu vya mpira na glavu, na konokono awaache huko huko. Kwale ni sehemu ya kichocho, na konokono wa jamii ya Bulinus ndio wanaokibeba. Kidudu hutoka kwa konokono, huogelea ndani ya maji, hupenya ngozi ya mtu aliyetumbukiza mkono. Huna haja ya kukileta sebuleni Kibokoni.

NahodhaTudor

Mimea ya kununua dukani ni rahisi zaidi. Iweke kwenye ndoo isiyo na samaki kabisa, kwa joto letu wiki moja inatosha, kwa sababu vitoto vya madoa meupe vikitoka kwenye ganda visipate samaki vinakufa. Hapa hesabu ya kijana wa Mikindani inafanya kazi vizuri. Kabla ya kuitia, ikague majani chini na juu: ruba, mayai ya konokono, viluwiluwi vya kerengende wanaokula samaki wadogo. Konokono wa dukani mpe wiki hiyo hiyo kwenye ndoo yake, na usimtie popote penye dawa ya shaba, itamuua.

Ya mtaroni hata bila konokono mimi nisingeitaka. Na yale uliyochoka nayo usiyatupe mtoni wala kwenye mtaro wa maji ya mvua, yaanike juani yakauke, kisha taka.